Iliyoiva Mno na Iliyoota Ukungu

Stroberi za Lushoto huchumwa asubuhi, kungali na baridi na umande haujakauka majanini. Hupangwa katika vikasha vya plastiki angavu, hufunikwa, kisha huanza safari ya kuteremka Milima ya Usambara hadi Mombo, ambako joto huzipokea ghafla. Kutoka hapo husafiri tena kwa saa kadhaa mpaka Dar es Salaam. Tunda lililotoka milimani likiwa baridi hukutana na hewa ya tambarare yenye joto na unyevu, na matone madogo ya maji hujitokeza juu ya ngozi yake, kama yanavyojitokeza kwenye chupa ya soda iliyotolewa katika friji. Matone hayo ni chanzo cha hasara kubwa. Mnunuzi anapofungua kikasha nyumbani kwake, pengine jioni ya siku ya pili, hukuta mchanganyiko: nyingine bado ni ngumu na zinang'aa, nyingine zimelegea na wekundu wake umekolea hadi kukaribia zambarau, na moja au mbili, chini kabisa, zimevaa manyoya ya kijivu.

Stroberi si tunda la bei ndogo, na katika jamii ambamo kutupa chakula huhesabiwa kuwa ni kukufuru neema, mkono husita. Mzazi hukata sehemu mbaya, huosha iliyobaki na kumpa mtoto. Mtengenezaji wa juisi naye hununua kwa bei ya kutupa kikasha ambacho mteja mwingine angekikataa, akijua kwamba mashine ya kusagia na sukari vitaficha kila kitu. Vitendo vyote viwili vinatokana na dhana moja, kwamba kuiva mno na kuota ukungu ni vituo viwili vya njia ile ile, na kwamba cha pili ni cha kwanza kilichosogea mbele kidogo. Sivyo. Kuiva mno ni kazi ya tunda lenyewe. Kuota ukungu ni kazi ya kiumbe kingine kilicholivamia. Mpishi anayetenganisha mambo hayo mawili ataokoa stroberi nyingi zaidi ya anazookoa sasa, na atazitupa bila majuto zile zisizookoka.

Ile sehemu nyekundu ya stroberi, kwa lugha ya wanabotania, si tunda. Ni kitako cha ua kilichovimba kwa maji na sukari. Matunda ya kweli ni zile chembe ndogo za manjano zilizotapakaa juu yake, ambazo watu huziita mbegu. Takriban asilimia 91 ya uzito wake ni maji, na ngozi inayoyazuia maji hayo ni nyembamba mno. Hakuna ganda kama la chungwa au la ndizi. Tena stroberi ina tabia inayoitofautisha na matunda mengi yaliyozoeleka. Embe na ndizi huendelea kuiva baada ya kuchumwa, na ndiyo maana ndizi huvundikwa. Stroberi haivundikiki. Ikichumwa na bega jeupe, rangi yake inaweza kukolea kidogo, lakini utamu hauongezeki. Kinachoendelea baada ya kuchumwa ni kulegea tu: vimeng'enya vya tunda huyeyusha pektini, ile gundi inayoshikanisha seli, na kuta za seli hudhoofika. Maji hutoka, ngozi hukunjamana, kitako hugeuka kuwa laini chini ya kidole, na harufu huzidi kuwa nzito.

Kulegea huko hakumdhuru mlaji. Stroberi mbichi ina takriban miligramu 59 za vitamini C katika kila gramu 100, ilhali Shirika la Afya Duniani hupendekeza miligramu 45 kwa siku kwa mtu mzima. Kiasi hicho hupungua kadiri siku zinavyopita, hasa tunda linapochubuka na kukutana na hewa, ila iliyolegea bado ni chakula chenye thamani. Mpaka wake uko mahali pengine, nao hutambuliwa kwa pua: hamira za asili zinazoishi juu ya ngozi ya matunda zikipata maji matamu yaliyotoka, huanza kuyachachusha. Harufu ya pombe, ladha inayouma ulimi na mapovu madogo chini ya kikasha ni dalili kwamba hatua ya kuiva imekwisha. Tunda lililochacha halijawa sumu, lakini halifai tena kwa mtoto, na jamu itakayotoka humo haitakuwa na ladha ya stroberi.

Ukungu ni habari nyingine. Kiswahili hutumia neno moja kwa wingu linalolala juu ya Usambara alfajiri na kwa manyoya yanayoota juu ya chakula, na wasiopenda utata huita hilo la pili kuvu au fangasi. Neno hilo moja halikukosea sana, maana vyote viwili hutegemea unyevu.

Ule wa kijivu, unaoonekana mara nyingi zaidi kwenye stroberi, huletwa na fangasi anayeitwa Botrytis cinerea. Ajabu yake ni kwamba mara nyingi hauanzii sokoni wala jikoni. Spora zake, vijimbegu visivyoonekana kwa macho, huchukuliwa na upepo na matone ya mvua na kutua juu ya ua likiwa bado shambani. Huota kidogo, hujipenyeza ndani ya ua, kisha hunyamaza. Tunda changa lina kemikali zake za kujilinda, na mgeni huyo husubiri. Sukari ikiongezeka na kuta za seli zikilegea, huamka na kuanza kula. Ndiyo maana kikasha kilichofungwa kikiwa safi kabisa kinaweza kufunguliwa kesho yake kikiwa na manyoya, na muuzaji anayeapa kwamba alipanga matunda mazuri mara nyingi huwa anasema kweli.

Mvamizi wa pili ni Rhizopus stolonifer, yule yule anayeota juu ya mkate uliosahauliwa kabatini. Huyu hana subira. Huingia kupitia mchubuko, hutoa nyuzi ndefu nyeupe zenye vichwa vidogo vyeusi kama vya pini, na humiminisha maji ya tunda kiasi cha kulowesha kila kilicho chini yake. Katika joto la Dar es Salaam anaweza kuenea kikasha kizima kwa siku moja au mbili. Jokofu humkomesha, kwa kuwa hukua kwa shida chini ya nyuzijoto 5. Botrytis haogopi jokofu. Huendelea kukua, ingawa polepole, hata kwenye nyuzijoto 0. Jokofu huchelewesha tu ukungu wa kijivu.

Manyoya yanayoonekana ni sehemu ndogo ya kiumbe chenyewe. Ni shina la kuzalia spora, lililochomoza nje wakati nyuzi nyingine zimekwisha kuenea ndani, na katika nyama laini yenye maji mengi nyuzi hizo husafiri bila kizuizi. Hapa ndipo ushauri wa kukata sehemu mbaya unaposhindwa. Kwa vyakula vigumu kama karoti na kabichi, Wizara ya Kilimo ya Marekani huruhusu kukata doa pamoja na sentimita 2.5 kulizunguka na chini yake, kisha kutumia kilichobaki. Kwa matunda laini wizara hiyo haitoi ruhusa hiyo, yatupwe. Hesabu yenyewe inajieleza: ukikata sentimita mbili na nusu kila upande wa doa, hakuna stroberi iliyobaki.

Je, hatari yake ni kubwa kiasi gani? Jibu linahitaji uaminifu, kwa kuwa vitisho vya bure huwafanya watu wasiamini hata maonyo ya kweli. Botrytis hajulikani kama mtengenezaji wa sumu zinazomdhuru binadamu kwa namna inayotisha. Mtu mwenye afya aliyetafuna stroberi moja yenye ukungu bila kujua, kwa kawaida hapatwi na lolote zaidi ya ladha mbaya mdomoni. Asukutue kinywa, anywe maji, aendelee na shughuli zake. Hakuna haja ya kujitapisha, wala ya kunywa maziwa kama dawa ya kuua sumu, desturi ambayo bado ina wafuasi wengi. Akianza kutapika mfululizo, akivimba uso, akitokwa na vipele au akibanwa na kifua, hapo aende kituo cha afya.

Shida ni kwamba ukungu juu ya tunda hauji na kitambulisho. Pamoja na Botrytis wanaweza kuwapo fangasi wa jamii ya Penicillium, wenye rangi ya kijani au samawati, na baadhi yao hutengeneza sumu iitwayo patulini. Sumu hiyo inajulikana zaidi katika matufaha yaliyooza, na viwango vya kimataifa vya chakula vimeweka kikomo cha mikrogramu 50 kwa kila kilo ya juisi ya tufaha. Historia yake ni ya kustaajabisha. Miaka ya 1940, wakati wanasayansi walipokuwa wakitafuta dawa ndani ya kila ukungu, patulini ilipendekezwa Uingereza kuwa tiba ya mafua, hata ikafanyiwa majaribio rasmi kwa watu mwaka 1944. Haikuonekana kuwasaidia. Baadaye ikafahamika kuwa ni sumu, na leo maabara huipima ili kuizuia isifike mezani.

Kumbukumbu ya nyakati zile imeacha nyuma yake hoja inayosikika mara kwa mara: mbona penisilini ilitoka kwenye ukungu? Ni kweli ilitoka humo. Alexander Fleming aliigundua London mwaka 1928, na mwaka 1943 aina ya Penicillium iliyozalisha dawa hiyo kwa wingi zaidi ilipatikana katika tikiti lililoota ukungu huko Peoria, Marekani. Lakini dawa hiyo ilichujwa, ikasafishwa, ikapimwa kwa miligramu. Anayekula ukungu kwa matumaini ya kupata penisilini hajui amekula aina ipi, wala amekula nini kingine pamoja nayo. Kwa mtu mwenye mzio wa penisilini, hoja hiyo haina hata ladha ya utani.

Kuna watu ambao hawapaswi kujaribiwa hata kidogo. Mwenye pumu, au mwenye mzio wa ukungu, anaweza kubanwa na pumzi kwa kunusa tu kikasha. Na kunusa ndiko watu wanakofanya kwanza wanapotaka kujua kama tunda limeharibika. Spora huruka kwa mtikiso mdogo, na pua iliyosogezwa karibu huzivuta moja kwa moja. Kundi jingine ni la wale ambao kinga yao ya mwili imeshuka: wanaopata tiba ya kemikali ya saratani, waliopandikizwa figo, wanaoishi na Virusi vya UKIMWI bila dawa kudhibiti virusi hivyo, na wenye kisukari kisichodhibitiwa. Ndugu wa Rhizopus wa mkate, wa jenasi hiyo hiyo ingawa si wa spishi ile ile, ni miongoni mwa fangasi wanaosababisha maradhi mabaya ya sainasi, macho na ubongo. Mwaka 2021, wakati wa wimbi la UVIKO-19 nchini India, zaidi ya watu 40,000 waliugua maradhi hayo, wengi wao wakiwa na kisukari. Njia kuu ya maambukizi ni hewa, si chakula, wala haisemwi hapa kwamba stroberi huyaleta. Kinachosemwa ni kwamba kwa wagonjwa wa aina hiyo spora si jambo la mzaha, na kikasha chenye manyoya hakina nafasi katika kapu la mtu anayekwenda kumjulia hali mgonjwa wodini.

Wengi hutumaini moto. Ikichemshwa, husemwa, kila kilichomo kitakufa. Fangasi atakufa kweli. Ukungu hauvumilii maji yanayochemka. Sumu aliyokwisha kuitoa ni kemikali, na kemikali haifi. Patulini hustahimili joto la kupikia vizuri zaidi inapokuwa ndani ya kitu chenye uchachu, na stroberi ni chachu. Kwa hiyo jamu iliyopikwa kwa matunda yenye ukungu huwa haina ukungu ulio hai, lakini hakuna anayeweza kuapa juu ya mengineyo. Mchemko na sukari huondoa dalili na kuacha swali, na mlaji hana tena njia ya kuliuliza. Ndiyo sababu biashara ya kununua matunda yenye ukungu kwa ajili ya juisi na jamu ni mbaya kuliko kosa la mama anayekata doa jikoni kwake. Mama anaona anachokifanya na anakila yeye na wanawe. Mteja wa kibandani anapewa glasi nyekundu iliyojaa barafu na anaiamini.

Tabia hiyo ya kuuamini moto haiishii kwenye stroberi. Mkono unaozoea kufuta ukungu juu ya tunda na kuendelea ndio huo huo unaofuta ukungu juu ya mahindi na karanga, na huko malipo ni makubwa mno. Mwaka 2004, katika maeneo ya Makueni na Kitui nchini Kenya, mahindi yaliyohifadhiwa yakiwa na unyevu yaliwaugonjesha watu 317, na 125 kati yao walifariki. Mwaka 2016 zamu ilikuwa ya mikoa ya Dodoma na Manyara nchini Tanzania: wagonjwa 68, vifo 20. Wengi waliugua wakiwa na manjano machoni, matumbo yaliyovimba na ini lililoshindwa kazi. Sumu iliyohusika ilikuwa aflatoksini, mkubwa wa zile zinazoitwa sumukuvu. Huanza kuvunjika kwenye joto la zaidi ya nyuzijoto 200, na sufuria ya ugali haifiki huko. Mahindi yale yalipikwa, kama mahindi yote yanavyopikwa.

Stroberi haikujulikana kusababisha msiba wa namna hiyo, na kuzilinganisha bila mipaka kungekuwa ni kumpotosha msomaji. Fangasi wa aflatoksini hupenda nafaka na mbegu zenye mafuta. Tunda bichi lenye maji mengi na uchachu huoza kabla ya kuwa ghala la sumu hiyo. Tena stroberi ina uungwana fulani: ukungu wake huonekana mapema, juu, kwa kila mwenye macho. Hindi linaweza kuwa na sumu bila manyoya yoyote. Tunda linalojitangaza hivi likipuuzwa, si rahisi kuamini kwamba hindi lisilojitangaza litaheshimiwa.

Kikasha chenye stroberi moja mbovu hakitupwi chote. Iliyoota ukungu huondolewa polepole, bila kutikiswa, pamoja na zile zilizogusana nayo kama zimelowa au zimelegea. Zilizobaki hukaguliwa moja moja, hasa chini ya majani ya kikonyo na upande uliolalia, ambako manyoya hupenda kujificha. Zilizo imara huoshwa kwa maji safi yanayotiririka na kuliwa siku hiyo hiyo. Ikiwa zaidi ya nusu zimeguswa, au chini ya kikasha kuna maji yenye nyuzi, heri hasara. Kikasha chenyewe huoshwa kwa maji ya moto na sabuni kabla ya kutumiwa tena, na rafu ya jokofu hufutwa.

Anayetaka kuzuia hali hiyo asioshe stroberi mpaka wakati wa kula. Kuosha na kurudisha ndani zikiwa na maji ni kuwapa fangasi kile walichokikosa. Zihifadhiwe kavu, zikiwa na vikonyo vyake, kwa safu moja au mbili juu ya kitambaa safi au karatasi ya jikoni, mahali penye baridi zaidi ndani ya jokofu. Karibu na nyuzijoto 0 zinaweza kudumu siku tano hadi saba. Juu ya meza katika joto la pwani, siku moja ni nyingi.

Sasa ile tatu ya kati, zilizolegea bila ukungu. Hizi ndizo zinazotupwa bure kwa sababu hazipendezi, na ndizo tamu kuliko zote. Njia ya haraka ni kuzigandisha. Huoshwa, hutolewa vikonyo, hutandazwa juu ya sinia bila kugusana, na zikishakuwa ngumu hutiwa katika mfuko na kuwekwa kwenye friza ya nyuzijoto 18 chini ya sifuri. Zikiyeyuka hazitakuwa na umbo, jambo lisilo na uzito kwa juisi, maziwa mgando au uji wa mtoto. Friza husimamisha ukungu, haiuui, na haisafishi chochote. Hilo lilionekana Ujerumani mwaka 2012, ambapo karibu watu 11,000, wengi wao wanafunzi, walishikwa na kutapika na kuhara kwa sababu ya virusi vya noro vilivyokuwamo katika stroberi zilizogandishwa. Matunda yale hayakuwa na ukungu. Yalikuwa yameguswa na uchafu usioonekana, labda wa maji au wa mikono, na baridi ikauhifadhi. Kwa hiyo mikono huoshwa kwa sabuni kabla ya kazi hii, na maji ya kuoshea matunda yawe yale yale ambayo mtu angekubali kuyanywa.

Njia ya pili ni jamu, na hapa nyanda za juu zina somo lao. Kilo moja ya stroberi zilizotolewa vikonyo hukutana na kiasi kinachokaribia kilo moja ya sukari. Wanaopunguza sukari kwa ajili ya afya wajue kwamba sukari katika jamu si utamu pekee. Huyafunga maji ili fangasi wasiyapate, na jamu yenye sukari kidogo ni lazima ikae kwenye jokofu na kuliwa upesi. Tunda lililoiva mno limekwisha kupoteza sehemu ya pektini yake, hivyo jamu yake hukataa kuganda; maji ya malimau mawili, pamoja na konzi ya stroberi ambazo hazijaiva sawasawa, hurekebisha kasoro hiyo. Vitabu vingi vya mapishi huagiza jamu ichemke mpaka kufikia nyuzijoto 104 au 105. Agizo hilo ni la pwani. Lushoto iko karibu mita 1,400 juu ya usawa wa bahari, na huko maji huchemka kwenye nyuzijoto 95 hivi. Mpishi wa huko anayengoja 105 atapata kitu kigumu cha kutafunwa kama tofi. Kanuni inayofaa kila mahali ni kuongeza nyuzijoto nne na nusu juu ya kiwango ambacho maji yanachemka mahali hapo. Yaani Lushoto ni karibu 100. Asiye na kipimajoto huweka kisahani ndani ya friza, hudondosha jamu juu yake na kuisukuma kwa kidole. Ikikunjamana, tayari.

Chupa huchemshwa, hujazwa jamu ingali moto, hufunikwa, kisha huzamishwa katika maji yanayochemka kwa dakika 10. Uchachu wa stroberi husaidia kazi hii, kwa kuwa bakteria wa sumu ya botulini hawastawi katika chakula chenye uchachu kiasi hicho. Hata hivyo chupa iliyofunguliwa na kusahauliwa huota utando juu, na wazee wengi huuondoa kwa kijiko na kuendelea. Jamu ni laini, na kilichosemwa juu ya stroberi kinaihusu: chupa nzima hutupwa.

Zilizoota ukungu zina mahali pamoja tu pa kwenda, nako si kwenye banda la kuku. Mwaka 1960 nchini Uingereza zaidi ya batamzinga 100,000 walikufa baada ya kulishwa mashudu ya karanga yaliyokuwa na ukungu, na uchunguzi wa vifo hivyo ndio uliofichua aflatoksini kwa mara ya kwanza. Ng'ombe anayekula chakula chenye aflatoksini huipitisha sehemu yake kwenye maziwa. Mabaki ya stroberi hufukiwa katikati ya lundo la mboji, chini ya majani makavu, mbali na kitalu cha stroberi. Kwa mkulima umbali huo ni hesabu ya fedha. Botrytis huishi juu ya majani makavu na matunda yaliyoachwa yaozee tutani, na kutoka hapo spora zake huyafikia maua yaliyochanua wiki hiyo. Kutoka ua hadi tunda ni kama mwezi mmoja. Tunda bovu linalookotwa leo na kuondolewa shambani ni pungufu la manyoya katika vikasha vitakavyoteremka Mombo mwezi ujao.